Shotikeki ya Stroberi Haipendi Mikono Mingi

Ndugu mwenyekiti, walimu wa mapishi, na ninyi nyote mnaopenda kuoka katika majiko yenu wenyewe, nawasalimu kwa heshima na ninawashukuru kwa kunipa nafasi ya kusema. Nimeombwa nizungumze juu ya shotikeki ya stroberi inayotengenezwa nyumbani, na nitazungumza juu ya hiyo tu. Hoja yangu naitoa mapema ili anayetaka kunipinga apate muda wa kujiandaa: mapishi haya huharibika mara chache kwa sababu mpishi amefanya kidogo, na mara nyingi kwa sababu amefanya kupita kiasi. Donge hukandwa kuliko linavyohitaji, krimu hupigwa hadi ikakatika, matunda hufunikwa kwa sukari hadi ladha yake ikapotea, na mikate hujazwa saa nyingi kabla ya kuliwa, ikafika mezani imelowa. Kila hatua ina mahali ambapo mkono unapaswa kusimama, na nia yangu leo ni kuonyesha mahali hapo pamoja na sababu yake.

Tukubaliane kwanza tunachozungumzia. Kwa desturi ya Marekani, ambako maelekezo ya keki za stroberi za namna hii yalikuwa yameshachapishwa katika miaka ya 1840, shotikeki ni mkate mdogo wa jamii ya skonzi, wenye siagi nyingi na sukari kidogo, unaopasuliwa ukiwa bado na uvuguvugu na kujazwa stroberi zilizotiwa sukari pamoja na krimu iliyopigwa. Wapo wanaotumia keki ya sponji badala ya mkate huo. Nchini Japani keki ya sponji yenye krimu nyeupe na stroberi ndiyo inayojulikana kwa jina hili, na huliwa sana wakati wa Krismasi. Sina ugomvi na sponji, na anayeipenda aendelee nayo kwa amani. Hata hivyo, kwa maoni yangu, sponji ni tamu mno kwa kazi hii, kwa maana inaongeza utamu mahali ambapo tayari kuna matunda matamu na krimu yenye sukari, ilhali mkate wa siagi wenye chumvi kidogo huupa ulimi pa kupumzikia, na ganda lake hustahimili maji ya matunda kwa muda unaotosha kula bila haraka. Ninaposema shotikeki leo, basi, nakusudia mkate.

Nianze na tunda, kwa kuwa hakuna ufundi wa jikoni unaoweza kurekebisha uchaguzi mbaya. Stroberi haiendelei kuiva baada ya kuchumwa. Ndizi na parachichi huweza kuletwa nyumbani zikiwa ngumu na kungojewa, lakini stroberi iliyochumwa ikiwa na mabega meupe karibu na kikonyo itakolea rangi kidogo tu, wala sukari yake haitaongezeka hata ukiingoja wiki nzima. Kwa hiyo mtazame wekundu unaofika hadi chini ya majani, muyatazame majani yenyewe yawe mabichi na yasiyonyauka, na zaidi ya yote mnuse. Tunda lisilokuwa na harufu mkononi halitakuwa na ladha kinywani. Ukubwa msiutumie kuwa kipimo, kwa kuwa stroberi ndogo zilizoiva vizuri mara nyingi huzishinda kubwa ambazo katikati zina uwazi.

Suala hili la ukubwa na harufu lina historia, na nitaieleza kwa ufupi kwa sababu linasaidia kuelewa kwa nini tunda zuri kwa macho laweza kuwa bubu kwa ulimi. Stroberi kubwa ya bustanini tunayoijua ni chotara. Mwaka 1714 mhandisi Mfaransa Amédée-François Frézier alirudi kwao kutoka Amerika ya Kusini akiwa na miche ya stroberi ya Chile, ambayo ilikuwa na matunda makubwa, na katika bustani za Ulaya miche hiyo ikachanganyika na aina ya Amerika ya Kaskazini iliyosifika kwa harufu na rangi. Mtaalamu wa mimea Antoine Nicolas Duchesne ndiye aliyeeleza asili ya chotara huyo mwaka 1766. Tangu hapo wakulima wamekuwa wakichagua na kuchagua tena, na mahali ambapo tunda linatakiwa kusafiri mbali, uimara wa ngozi umepewa uzito kuliko harufu. Mnunuzi anayenusa anakataa, kwa kiasi chake, uchaguzi huo aliofanyiwa na wengine.

Kwa watu sita hadi wanane tutahitaji gramu 700 za stroberi. Zioshwe muda mfupi kabla ya kutumika, tena zikiwa bado na vikonyo vyake, kwa maana tunda lililokatwa kichwa kisha likaoshwa hunywa maji, na stroberi tayari ina maji yapatayo asilimia 91 ya uzito wake. Zikaushwe kwa kitambaa safi ndipo vikonyo viondolewe. Theluthi moja ipondwepondwe kwa uma, na zilizobaki zikatwe vipande vya wastani. Tia gramu 50 za sukari na maji ya nusu limau, geuza mara mbili au tatu kwa kijiko, kisha ziache nje ya jokofu kwa nusu saa hadi saa moja. Sukari huyavuta maji kutoka ndani ya tunda, yakatoka na rangi na harufu, na bila moto wowote mnapata mchuzi mwekundu ambao hauna uzito wa jamu. Zile zilizopondwa huupa mchuzi huo unene, na zilizokatwa hubaki na umbo la kutafunika.

Hapa ndipo mkono wa kwanza unapopaswa kusimama. Mpishi mwenye wasiwasi huongeza sukari akiona tunda ni chachu, kisha akaongeza tena, na mwisho hupata sharubati. Ladha ya stroberi haikamiliki pasipo uchachu wake, na ndiyo maana nimetaja limau hata kwa matunda yaliyo matamu. Mwingine huyaweka matunda sukarini tangu usiku, akidhani muda mrefu ni ladha nyingi, na asubuhi hukuta vipande vilivyosinyaa vikielea majini. Mwingine huyapika, na moto huifukuza harufu ile ya ubichi ambayo ndiyo iliyotufanya tuyanunue. Stroberi zilizogandishwa zinaweza kutumika pale ambapo mbichi hazipatikani, lakini barafu hupasua chembe za tunda, hivyo likiyeyuka hulegea. Zitumike kwa ile sehemu ya kupondwa, na asitarajie mtu vipande vizuri kutoka humo.

Sasa nifike kwenye donge, na naomba mnivumilie kwa kuwa nitakaa hapa kuliko mahali pengine popote. Pimeni unga wa ngano wa kawaida gramu 250, beking pauda kijiko kimoja kikubwa kilichosawazishwa, sukari gramu 40, chumvi nusu ya kijiko cha chai, siagi baridi gramu 100, na maziwa baridi mililita 160 hivi. Nimetaja gramu kwa makusudi. Kikombe cha unga uliochotwa kwa kushindiliwa na kikombe cha unga uliomiminwa taratibu havina uzito mmoja, na tofauti hiyo peke yake yatosha kulifanya donge liwe kavu leo na la kunata kesho, huku mpishi akilaumu oveni.

Unga wa ngano una protini ambazo, zikipata maji na kusukumwasukumwa, hushikana na kufanya utando unaovutika uitwao gluteni. Katika mkate wa hamira utando huo ndio unaotafutwa, kwa kuwa ndio unaoshika hewa kwa muda mrefu wa kuumuka. Katika shotikeki tunautaka kwa kiasi kidogo tu, cha kutosha mkate usisambaratike, kwa sababu ukizidi mkate huwa mgumu na hukataa kuvunjika mdomoni. Siagi inatusaidia kwa njia mbili. Sehemu yake inayosuguliwa vizuri na unga huzipaka chembe mafuta, na maji hayazifikii kwa wepesi, hivyo gluteni hupungua. Sehemu inayobaki vipande hufanya kazi nyingine kabisa: siagi ya kawaida ina mafuta yapatayo asilimia 80 na maji yapatayo asilimia 16, na kipande kizima kikikutana na joto kali huyeyuka na kuacha nafasi, huku maji yake yakigeuka mvuke unaoipanua nafasi hiyo. Matabaka tunayoyaona tunapoupasua mkate yametokana na vipande hivyo. Siagi iliyolainika mapema huingia yote katika kazi ya kwanza na haiachi chochote kwa ya pili. Ndiyo sababu tunasisitiza ubaridi, wala si kwa kufuata mazoea tu.

Chekecheni vitu vikavu pamoja, kateni siagi vipande vidogo, kisha muisugue kwa ncha za vidole, si kwa viganja, kwa kuwa viganja vina joto. Acheni mara mtakapoona baadhi ya unga umekuwa chenga na bado kuna vipande vya siagi vya ukubwa wa njegere. Ambaye mikono yake ina joto la asili anaweza kuigandisha siagi na kuikwaruza kwa kikwaruzo cha karoti moja kwa moja juu ya unga. Matokeo ni mazuri na vidole havihusiki sana. Kama jiko lenyewe lina joto, bakuli la unga likae kwenye jokofu robo saa kabla ya kuendelea.

Beking pauda nayo ina lake. Ni mchanganyiko wa magadi ya kuokea, asidi kavu na wanga, na ikipata unyevu hutoa hewa ya ukaa inayouinua mkate. Alfred Bird aliitengeneza Uingereza mwaka 1843, na Eben Horsford akapata hataza ya aina yake Marekani mwaka 1856. Kabla ya hapo waokaji wengi wa Marekani walitegemea hamira, au chumvi iliyotolewa kwenye majivu ya kuni, ambayo ilihitaji kitu kichachu cha kuiamsha. Aina nyingi za siku hizi hufanya kazi mara mbili, kwanza zinapolowa na tena zinapopata moto. Hata hivyo, kopo lililokaa wazi kabatini hupoteza nguvu. Tieni nusu ya kijiko cha chai katika maji ya moto; ikichemka kwa povu la nguvu ni nzima, na ikitulia, itupwe. Anayependa kutumia mtindi badala ya maziwa atapata mkate laini wenye uchachu mzuri, lakini apunguze beking pauda hadi vijiko viwili vya chai na kuongeza robo ya kijiko cha chai cha magadi ya kuokea, ili uchachu wa mtindi upate wa kukutana naye.

Mimineni maziwa karibu yote kwa mara moja, mkibakiza vijiko viwili, na mchanganye kwa uma. Mkiona donge limeanza kushikana lakini bado kuna unga mkavu pembeni, simameni. Najua jambo hili ni gumu, kwa kuwa macho yanataka kuona donge nyororo, na mtu aliyezoea kukanda unga wa chapati ataona aibu kuliacha lilivyo. Limimineni kwenye ubao ulionyunyiziwa unga, lifinyeni kwa mikono liwe bapa, likunjeni na kulifinya tena mara mbili au tatu tu. Mikunjo hiyo hukusanya unga uliobaki mkavu na kupanga siagi katika matabaka. Unene wa mwisho uwe sentimita 2.5. Donge likipunguzwa zaidi ya hapo, mkate huiva kuwa biskuti.

Kukata nako kuna adabu yake. Duara la bati lenye makali lisukumwe chini moja kwa moja, bila kuzungushwa, kwa sababu kuzungusha hubana kingo na mkate huinuka upande. Mdomo wa glasi ni butu na hufanya kosa hilohilo. Mimi hupendelea kukata miraba kwa kisu kikubwa, kwa kuwa hakuna mabaki ya kukusanya na kufinywa upya, na mkate wa mabaki daima huwa mgumu kuliko wa kwanza. Sijaona mgeni aliyekataa shotikeki kwa sababu ina pembe nne. Pangeni mikate kwenye trei yenye karatasi ya kuokea, ikikaribiana ili isaidiane kupanda juu, na muiweke kwenye jokofu dakika 15 huku oveni ikipata moto.

Oveni iwe na nyuzi 220 za Selsiasi, na iwe imefika huko kweli. Taa ya oveni mara nyingi huzimika kabla kuta zake hazijashika joto, kwa hiyo ongezeni dakika kumi za subira. Pakeni maziwa au krimu juu ya mikate, mkichunga isichuruzike kwenye kingo kwa kuwa huzigandisha, kisha nyunyizeni sukari kidogo. Dakika 12 hadi 15 hutosha. Mkate ulioiva una rangi ya dhahabu iliyokolea juu na chini pia, na ukiinuliwa ni mwepesi kuliko unavyoonekana. Joto dogo kwa muda mrefu halifai hapa, kwa maana siagi huyeyuka na kuvuja kabla mvuke haujapata nguvu.

Wakati mikate inapoa, shughulikieni krimu. Iwe krimu halisi yenye mafuta asilimia 35 hivi. Ikipungua chini ya asilimia 30 haitasimama, hata mtu apige hadi mkono ufe ganzi. Krimu husimama kwa sababu matone ya mafuta, yakipigwa, hushikana nusunusu na kuzunguka vipovu vya hewa kuvizuia visipasuke. Mafuta hayo yakipata joto hulainika na ukuta huo huanguka, hivyo krimu, bakuli na hata kifaa cha kupigia vitoke kwenye jokofu. Mililita 300 hutiwa kijiko kimoja na nusu cha sukari na matone ya vanila, na hupigwa mpaka kilele kinachoinuka kifaa kikitolewa kiiname kwa upole. Hapo ndipo pa kusimama. Mizunguko michache zaidi na mafuta yatashikana kabisa, krimu itakuwa ya chengachenga, na mkiendelea mtapata siagi na maji yake. Ikianza kuwa chenga, vijiko viwili au vitatu vya krimu isiyopigwa, vikichanganywa taratibu kwa mwiko, mara nyingi huirudisha. Kwa wanaotumia mashine ya umeme, ushauri wangu ni kuizima mapema na kumalizia kwa mkono, kwa kuwa mashine haina macho.

Kupanga sahani ni kazi fupi, na ifanyike walaji wakiwa wameshaketi. Mkate upasuliwe kwa mikono au kwa uma, si kwa kisu, ili uso wa ndani uwe na mikwaruzo ya kushika mchuzi. Nusu ya chini ipate stroberi pamoja na mchuzi wake, krimu ifuate juu yake kwa ukarimu, kisha nusu ya juu ikae bila kugandamizwa. Mkate uwe na uvuguvugu tu, kwa sababu ukiwa wa moto krimu itayeyuka na kuwa maziwa. Mapambo ya majani na vumbi la sukari nawaachia ninyi. Kwangu si sehemu ya mapishi.

Nimalizie kwa swali ambalo naulizwa kila mara, nalo ni la mtu anayetarajia wageni na hataki kukaa jikoni wakiwapo. Shotikeki iliyokwisha kujazwa haitunziki, lakini sehemu zake zinatunzika zikiwa mbalimbali. Krimu iliyopigwa huvumilia saa chache kwenye jokofu ikiwa imefunikwa, na ikitoa maji kidogo chini hupigwa mizunguko miwili mitatu kwa mkono. Matunda yakatwe mapema, ila sukari itiwe saa moja kabla ya kula. Mikate iliyookwa hupendeza siku hiyohiyo, na ya jana hupashwa dakika tano katika oveni. Njia iliyo bora kuliko zote ni kugandisha mikate ikiwa mibichi, ikiwa imeshakatwa, kwenye trei hadi ikauke na kuwa migumu, kisha kuifunga kwenye mfuko. Siku ya wageni hutoka kwenye friza na kuingia moja kwa moja katika oveni yenye moto, bila kuyeyushwa, na huongezewa dakika tatu au nne tu. Siagi yake itakuwa baridi kuliko ya donge lolote la siku hiyo. Ahsanteni kwa kunisikiliza, na sasa nipo tayari kwa maswali na kwa wale waliojiandaa kunipinga.